Majuma ya mwisho ya mimba: ukweli kuhusu mtoto wa miezi minane

Miongoni mwa maswali ambayo akina mama huyarudia kila yanapozuka mazungumzo ya uzazi, hakuna linaloulizwa kwa hofu kuliko hili: je, ni kweli kwamba mtoto anayezaliwa katika mwezi wa saba huweza kuishi, lakini yule wa mwezi wa nane hana budi kufa? Aghalabu swali hilo hutoka kinywani mwa mama ambaye mwenyewe yumo katika mwezi huo huo wa nane. Tumbo limekwisha kuwa zito, usingizi umepungua, na mkwe wake au jirani yake amemwambia, tena kwa nia njema kabisa, kwamba aombe uchungu usimshike kabla mwezi mwingine haujaandama. Mama wa namna hiyo hulala na kuamka akihesabu siku. Tumbo likikaza kidogo, moyo humwenda mbio. Na lililo baya zaidi ni kwamba uchungu ukija kweli, huenda watu waliomzunguka wakawa wamekwisha kumkatia tamaa mtoto kabla hata hajalia.

Jibu lake ni fupi. Si kweli, wala haijapata kuwa kweli. Mtoto wa mwezi wa nane ana nafasi kubwa ya kuishi kuliko yule wa mwezi wa saba, na yule aliyetimiza miezi yake ana nafasi kubwa kuliko wote wawili. Lakini jibu fupi haliwezi kung'oa imani iliyokaa muda mrefu, na hii imekaa muda mrefu kweli kweli. Wala si ya wazee wetu peke yao. Katika maandishi ya tiba ya Wayunani wa kale yanayohusishwa na mganga Hippocrates, ambayo umri wake umepita miaka 2,000, mna kitabu kizima juu ya mtoto wa miezi minane, na humo imeelezwa kwamba mtoto huyo haponi. Waganga waliofuata waliyarithi maneno hayo, wakayapokezana karne baada ya karne.

Kwa nini basi imani hiyo haikufa? Nadhani ni kwa sababu watu wameona kwa macho yao jambo linalofanana na ushahidi. Mtoto wa miezi saba akizaliwa, kila mtu humwona kuwa hajakamilika. Ni mdogo kama kifaranga, ngozi yake nyekundu na nyembamba, wala hana sauti. Kwa hiyo watu humshughulikia. Hufunikwa, hutiwa joto, hukimbizwa hospitali. Mtoto wa miezi minane, kwa upande mwingine, huwahadaa watu. Ana kilo mbili au zaidi kidogo, analia, ana nywele, anafanana na mtoto yeyote mwingine ila ni mwembamba. Basi huogeshwa papo hapo, hupakatwa na kila mgeni, kisha hulazwa peke yake kitandani. Baada ya siku moja au mbili huanza kupoa, husinzia mno, hukataa titi, na anapofariki watu hutikisa vichwa na kusema: ni mwezi wa nane. Kumbe pengine lililomponza ni kule kudhaniwa kwamba amekwisha kukamilika.

Kabla ya kuendelea, hapana budi tusahihishe hesabu, maana wengi wanaojiita wa mwezi wa nane hawamo katika mwezi huo. Wakunga huhesabu mimba kwa majuma, wakianzia siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho, na safari nzima ni majuma 40, yaani siku 280. Njia nyepesi ni ile iliyoenezwa na daktari Mjerumani, Franz Naegele, aliyeishi kati ya mwaka 1778 na 1851: chukua siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho, ongeza siku saba, kisha ongeza miezi tisa. Aliyeanza hedhi tarehe 10 Machi atatazamia kujifungua tarehe 17 Desemba. Anayehesabu kwa mwezi mwandamo, ambao una siku 29 au 30, atafika miezi tisa na nusu, na asishangae. Wala tarehe hiyo si miadi. Ni watoto wachache sana wanaozaliwa siku ile ile iliyoandikwa kwenye kadi. Mtoto aliyezaliwa baada ya juma la 37 kutimia, na kabla ya juma la 42, amezaliwa kwa wakati wake. Aliyetangulia juma la 37 ni njiti. Kwa kipimo hicho, mwezi wa nane ni kama juma la 32 hadi la 35, na ndiyo maana mtoto wake bado ni njiti hata kama anaonekana mzima.

Sasa tuingie ndani ya mji wa mimba tutazame kinachofanyika humo.

Viungo vyote vya mtoto vilikwisha kuumbwa zamani, katika miezi mitatu ya kwanza. Vidole, macho, moyo na figo vipo. Majuma ya mwisho ni ya kukomaza vilivyokwisha kuumbwa na kuweka akiba ya maisha ya nje. Katika juma la 28 mtoto ana uzito wa kilo moja hivi. Katika juma la 36 amekaribia kilo mbili na nusu au amepita hapo. Na anapozaliwa aghalabu ana kilo tatu au zaidi kidogo. Ongezeko hilo, ambalo hufikia kama gramu 200 kwa juma, si ukubwa mtupu. Sehemu yake nzuri ni mafuta yanayojaza chini ya ngozi, na miongoni mwayo yamo mafuta ya namna ya pekee, yenye rangi ya hudhurungi, yaliyowekwa shingoni, kati ya mabega na kuzunguka figo, ambayo kazi yake ni kuzalisha joto. Mtoto mchanga hawezi kutetemeka kwa baridi kama mtu mzima. Hutegemea mafuta hayo, na aliyezaliwa kabla ya wakati ameyakosa.

Hata hivyo kiungo kinachoamua mambo zaidi ya vyote ni mapafu. Ndani ya mapafu mna vifuko vidogo vidogo mno vya hewa, na kila kifuko kina unyevu ndani yake. Twaa mifuko miwili ya plastiki iliyolowa maji uigandamize, kisha ujaribu kuitenganisha. Utaona jinsi inavyong'ang'aniana. Vifuko vya hewa vingefanya vivyo hivyo kila mtoto anapotoa pumzi, lau si majimaji fulani yenye mafuta ambayo mapafu yenyewe huyatengeneza ili kuzuia kung'ang'aniana huko. Mapafu huanza kuyatengeneza karibu na juma la 24, lakini kwa watoto wengi hayawi ya kutosha mpaka kati ya juma la 34 na la 36. Asiyekuwa nayo huvuta kila pumzi kwa nguvu ile ile ya pumzi ya kwanza, mpaka achoke.

Jambo hili lilijulikana mwaka 1959 kutokana na utafiti wa daktari wa kike wa Marekani, Mary Ellen Avery. Miaka minne baadaye dunia nzima ililisikia kwa njia ya msiba. Tarehe 7 Agosti 1963 mke wa Rais John F. Kennedy wa Marekani alijifungua mtoto wa kiume, Patrick, majuma matano na nusu kabla ya wakati. Alikuwa na uzito wa kilo 2.1. Hebu mfikirie, msomaji: mtoto wa mwezi wa nane hasa, mwenye uzito ambao wakunga wengi vijijini wangeufurahia, na baba yake ni mtu mwenye mamlaka kuliko wengi duniani. Alipelekwa Boston, akaingizwa katika chumba cha chuma chenye oksijeni iliyoshindiliwa, maana hapakuwa na tiba nyingine ya kujaribu. Alifariki tarehe 9 Agosti, saa 39 baada ya kuzaliwa, kwa sababu ya mapafu yasiyokomaa.

Mtu mwepesi wa kuhukumu atasema, basi wazee walisema kweli. La. Mtoto yule angezaliwa juma moja kabla ya hapo, hatari ingekuwa kubwa zaidi, na angezaliwa majuma mawili baadaye, ingekuwa ndogo zaidi. Kisha tazama yaliyofuata. Mwaka 1972 madaktari wa New Zealand, Graham Liggins na Ross Howie, walitangaza kwamba mama aliye katika hatari ya kujifungua mapema akichomwa sindano ya dawa fulani, mapafu ya mtoto hukomaa upesi akiwa bado tumboni. Mwaka 1980 daktari Mjapani, Tetsuro Fujiwara, aliwatilia watoto njiti mapafuni majimaji yaliyotengenezwa kutokana na mapafu ya ng'ombe, nao wakapumua. Leo mtoto wa kilo 2.1 aliyezaliwa mahali penye wauguzi na vifaa, kwa kawaida huenda nyumbani na mama yake. Ile sindano ya kukomaza mapafu, lakini, hupewa mama kabla mtoto hajazaliwa, na haifai kitu kwa mama aliyejifungia chumbani akingoja uchungu wa mwezi wa nane upite wenyewe.

Ubongo nao una habari yake. Katika juma la 34 uzito wake ni kama asilimia 65 tu ya uzito utakaokuwa nao mimba ikitimia. Theluthi nzima, basi, hukua katika majuma haya ambayo watu huyaita ya kungojea tu. Ni wakati huu pia ambapo mtoto hujifunza kupanga kunyonya, kumeza na kuvuta pumzi visigongane, kazi ambayo mtu mzima huiona nyepesi lakini mtoto wa kabla ya juma la 34 haiwezi vizuri. Damu ya mama humwekea akiba ya madini ya chuma. Ndiyo sababu vidonge vya kuongeza damu visiachwe eti mwezi umekaribia kwisha. Kinga za maradhi alizo nazo mama, pamoja na ile aliyoipata kwa chanjo ya pepopunda, hupita katika kondo la nyuma kwa wingi wakati huu kuliko wakati wowote uliotangulia. Malaika, yaani vile vinywele vyepesi vilivyoufunika mwili, hupukutika, na ule utando mweupe kama mafuta ya mgando hubaki katika mikunjo ya ngozi. (Utando huo si uchafu, wala hauna uhusiano wowote na mambo ya chumbani kama baadhi ya watu wanavyowasimanga akina mama. Ni kinga ya ngozi, na si lazima usuguliwe siku ya kwanza.) Na mtoto anasikia. Utafiti uliotolewa Marekani mwaka 1980 ulionyesha kwamba watoto wenye umri wa siku chache huichagua sauti ya mama yao mbele ya sauti ya mwanamke mwingine. Waliijua wapi, kama si tumboni?

Kama basi mtoto wa mwezi wa nane akija, afanyiwe nini? Asiogeshwe siku hiyo. Akaushwe, avishwe kofia, awekwe kifuani kwa mama ngozi kwa ngozi, kisha wafunikwe wote wawili. Njia hii huitwa ya kangaruu, kwa mfano wa yule mnyama wa Australia anayebeba mwanawe katika mfuko wa tumboni, na ilianzia Bogotá, Kolombia, mwaka 1978, pale daktari Edgar Rey Sanabria alipoona hana vyombo vya joto vya kuwatosha watoto wake. Iliyoanza kama dawa ya umaskini imethibitika kuwa dawa bora. Katika utafiti uliotangazwa mwaka 2021, uliofanywa katika hospitali tano za Ghana, India, Malawi, Nigeria na Tanzania, ya kwetu ikiwa ni Muhimbili, watoto wa kuanzia kilo moja hadi pungufu kidogo ya kilo 1.8 waliwekwa kifuani mara tu baada ya kuzaliwa, bila kungoja kwanza wapate nafuu. Katika siku 28 za mwanzo walifariki 12 kati ya kila 100, ilhali wale waliongojeshwa kwanza walifariki karibu 16 kati ya 100. Mwaka uliofuata Shirika la Afya Duniani liliagiza njia hiyo itumike tangu dakika za mwanzo kwa watoto njiti na wenye uzito mdogo. Baba naye ana kifua. Mama akichoka, yeye ashike zamu. Na mtoto wa namna hii aamshwe kunyonya kila baada ya saa mbili au tatu, kwani yeye hatalia njaa kama mwenzake aliyetimiza miezi. Yote haya, yafanyike njiani kuelekea hospitali ama hospitalini kwenyewe, si badala ya kwenda.

Tugeukie mwili wa mama, ambao nao hauko kimya.

Katika mimba ya kwanza, majuma mawili hadi manne kabla ya kujifungua, mama huamka asubuhi moja akaona tumbo limeshuka. Kichwa cha mtoto kimeingia katika nyonga. Pumzi, iliyokuwa ikimwishia kila apandapo ngazi, humrudia, kiungulia hupungua, lakini kibofu cha mkojo sasa kimekaliwa, na safari za chooni usiku hazina idadi. Kwa aliyekwisha kuzaa, mtoto huenda asishuke mpaka uchungu uanze, na hilo si kasoro. Mishipa na viungo vya nyonga hulegea ili kumpa mtoto njia, ndiyo maana kiuno huuma na mwendo hubadilika ukawa wa kuyumba. Matiti huweza kuvuja dang'a, yale maziwa ya kwanza mazito ya manjano, ambayo yasikamuliwe wala kumwagwa. Mama alale kwa ubavu, kwa kuwa akilala chali tumbo hugandamiza mshipa mkubwa unaorudisha damu moyoni, na damu inayomfikia mtoto hupungua. Wa kushoto au wa kulia, wowote utakaompa raha.

Kuna na kule kukaza kwa tumbo ambako kumewakimbiza hospitali bure akina mama wengi. Mwaka 1872 daktari Mwingereza, John Braxton Hicks, alieleza kwamba mji wa mimba hujikaza na kujilegeza katika muda wote wa mimba, kama mtu anayejinyoosha. Karibu na mwisho mikazo hiyo huongezeka. Tofauti yake na uchungu wa kweli ni kwamba haina utaratibu. Huja mara mbili upesi upesi, ikapotea saa nzima, na mama akitembea au akinywa maji au akijilaza upande mwingine hutulia. Uchungu wa kweli hauna simile. Hurudi kwa zamu, na zamu hizo husogeleana. Kila mkazo huwa mrefu na mkali kuliko uliopita. Aghalabu huanzia mgongoni ukazunguka mbele. Ute mzito wenye michirizi ya damu ukionekana, ni ishara kwamba mlango wa kizazi umeanza kufunguka. Chupa ikipasuka, hata kama hakuna maumivu, safari iwe wakati huo huo, na mama ayaangalie maji: yakiwa ya kijani au yenye harufu mbaya, awaambie wakunga mara afikapo.

Kabla ya kuiacha habari ya mabadiliko ya kawaida, nataka nikae kidogo juu ya uvimbe, kwa kuwa hapa ndipo neno "kawaida" linapoua. Miguu kuvimba jioni, baada ya kusimama au kukaa kutwa, ni jambo la kawaida, na ukiiinua hupungua. Lakini uso ukivimba asubuhi, pete isitoke kidoleni, kichwa kikauma kwa nguvu bila kutulia, macho yakaona vimulimuli au ukungu, au pakauma chini ya mbavu upande wa kulia, hayo si ya kawaida hata kidogo. Ni dalili za shinikizo la damu la mimba, na hatua inayofuata ni kifafa cha mimba. Watu hudhani mwanamke aliyeanguka na kutoa povu amepandwa na shetani, wakaita mganga, na saa zinakwenda. Hospitalini ipo dawa, magnesia salfeti, ambayo utafiti mkubwa uliotolewa mwaka 2002 ulithibitisha kwamba hupunguza hatari ya kifafa hicho kwa zaidi ya nusu. Ni dawa ya bei nafuu. Na ugonjwa wenyewe huweza kugunduliwa mapema kwa kupimwa shinikizo la damu na mkojo kliniki. Hii ndiyo sababu Shirika la Afya Duniani tangu mwaka 2016 limeshauri mama amwone mhudumu walau mara nane katika mimba, na mara tano kati ya hizo ziwe kuanzia juma la 30 na kuendelea. Anayesema "nimekwenda mara nne, kadi imejaa, sasa nangoja uchungu" ameacha kwenda wakati ule hasa anapohitajika.

Damu kutoka, iwe na maumivu au isiwe nayo, homa kali, na degedege la aina yoyote, ni mambo ya kwenda hospitali saa hiyo hiyo. Sina la kuongeza hapo.

Ila nina la kuongeza juu ya mtoto kucheza. Mama wengi wameambiwa kwamba mtoto hupunguza kucheza mwezi wa tisa kwa kuwa anapumzika kabla ya kutoka. Maneno haya yamegharimu maisha. Ni kweli kwamba nafasi imembana, hivyo pigo la teke huweza kugeuka kuwa msukumo au mzunguko. Lakini idadi ya michezo yake haipaswi kupungua mpaka siku ya kujifungua. Kila mtoto ana desturi yake, mwingine hucheza usiku, mwingine baada ya chakula, na hakuna anayeijua desturi hiyo kuliko mama. Ikibadilika, akaona kimya au udhaifu, aende siku hiyo hiyo akasikilizwe mapigo ya moyo wa mtoto. Asingoje kliniki ya juma lijalo, wala asione haya kwamba wauguzi watamwona msumbufu. Na muuguzi anayemkaripia mama wa namna hiyo hajui kazi yake.

Yapo mengine yanayofanywa katika majuma haya ambayo ukurasa huu hauwezi kuyanyamazia. Dawa za miti shamba za kuongeza uchungu huukaza mji wa mimba kwa nguvu isiyopimika, na mji wa mimba unaweza kupasuka. Mama akiwa amekunywa, awaambie wakunga ukweli, maana nao wakiongeza dawa yao juu ya hiyo hatari huwa maradufu. Kumnyima mayai ili mtoto asizaliwe na upara ni kumnyima chakula bora wakati anaotengeneza ubongo wa mtu. Na katika baadhi ya jamii zetu mama ambaye uchungu wake umekawia hutakiwa ataje majina ya wanaume aliotembea nao ndipo mtoto atoke. Uchungu hukawia kwa sababu mtoto ni mkubwa kuliko nyonga, au amekingama, au ametanguliza makalio, au mikazo ni dhaifu. Hakuna jina la mwanamume linaloweza kumgeuza mtoto aliyekingama. Wakati mama anateswa kwa maswali hayo, gari lingekwisha kufika njia panda.

Nalo suala la gari ni la kuamuliwa sasa, katika juma la 34 au la 36, si usiku wa uchungu. Mwaka 1994 wataalamu wawili, Sereen Thaddeus na Deborah Maine, waliandika kwamba akina mama hufa kwa kucheleweshwa mara tatu: kuchelewa kuamua kwenda, kuchelewa kufika, na kuchelewa kuhudumiwa baada ya kufika. La tatu ni la serikali na watumishi wake, nasi hatutaacha kulisema. La kwanza na la pili yamo kwa kiasi kikubwa mikononi mwa familia. Katika utafiti wa taifa wa mwaka 2015 na 2016, watoto 63 kati ya kila 100 nchini Tanzania walizaliwa katika vituo vya afya. Ule wa mwaka 2022 ulionyesha 81. Hatua ni kubwa, lakini hao 19 waliobaki si wakaidi. Wengi wao walikawia tu mpaka njia ikawa ndefu kuliko muda uliobaki.

Kwa hiyo baba mwenye nyumba aketi na mkewe, na mama mkwe awepo, wakubaliane mambo yafuatayo kwa sauti. Atajifungulia wapi, zahanati au hospitali ya wilaya. Na kama mimba iliyopita iliishia kwa upasuaji, au mtoto amekaa vibaya, au ni mapacha, isiwe zahanati. Nani mwenye pikipiki au gari, na simu yake ni ipi. Fedha zimewekwa wapi, na nani anaruhusiwa kuzitoa baba akiwa safarini. Hili la mwisho ndilo linalosahauliwa. Wako akina mama waliokaa na uchungu mchana kutwa wakingoja idhini ya mtu aliye machimboni. Nani katika ukoo yu tayari kutoa damu. Nani atabaki na watoto. Balozi wa shina aarifiwe, kwani yeye ndiye ajuaye usiku wa manane ni mlango upi ugongwe. Namba 115, isiyotozwa malipo, ndiyo ya mfumo wa m-mama wa kusafirisha wazazi na watoto wachanga walio katika dharura, na iandikwe ukutani mahali ambapo hata mtoto wa shule anaweza kuisoma. Na anayeishi mbali, mahali ambapo mto hufurika wakati wa masika, asingoje kabisa. Ahamie kwa ndugu aliye karibu na hospitali majuma mawili au matatu kabla ya tarehe.

Vitu vya kubeba ni vichache: kadi ya kliniki, kanga safi nne au tano, kofia na soksi za mtoto, pedi au vitambaa safi, na chakula chepesi. Vifungwe katika mfuko mmoja tangu juma la 36, na mfuko uwekwe karibu na mlango.

Jumapili ijayo, panapo majaliwa, tutazungumzia dang'a na saa ya kwanza ya kumnyonyesha mtoto.